Nyaraka za Serikali: kwa somo au kwa ofisi iliyozitoa?

Ndugu, umeuliza kama hotuba za bajeti, Hansadi (kumbukumbu za mijadala ya Bunge) na Gazeti la Serikali katika maktaba yenu hapo Dodoma zipangwe kwa mfumo wa Dewey. Ningeshauri hotuba na Hansadi zipangwe kwa ofisi iliyozitoa, kwa sababu Dewey hufuata somo, ilhali hotuba moja ya waziri hugusa masomo mengi kiasi cha kumchosha mpangaji. Wamarekani walilitambua hilo tangu miaka ya 1890, mkutubi Adelaide Hasse alipobuni mpangilio ambao maktaba zao zinazohifadhi nyaraka za serikali huutumia hadi leo: kwa mfano, katika namba A 1.10, herufi A ni Wizara ya Kilimo, 1 ni ofisi ya waziri, na 10 ni mfululizo wa chapisho lenyewe, yaani kitabu cha mwaka. Nukta hiyo si ya desimali, hivyo A 1.9 hutangulia A 1.10 kwenye rafu.

Udhaifu wake, ambao kwetu si mdogo hata kidogo, ni kwamba wizara ikiundwa upya, chapisho lile lile huhamia namba nyingine. Wizara ya Kilimo, Mifugo na Uvuvi iligawanywa mwaka 2017, kwa hiyo hotuba za kilimo za kabla na baada ya hapo zitakaa mbalimbali, na msomaji atapotea msipoweka kadi ya rejea kila upande. Gazeti la Serikali halihitaji hayo yote. Lipangeni kwa mwaka na namba ya toleo.