Mtoto akikuuliza, mjibu wewe kabla hajaenda kwa Vishu

Mwaka 2013 nilikuwa nasoma Pune, India, Wabongo na Wakenya tulikuwa wengi tu pale, ndo nikaiona Balak-Palak, muvi ya Kimarathi ya Ravi Jadhav, jina lenyewe maana yake watoto na wazazi. Tulicheka mpaka machozi.

Stori ni ya miaka ya 80 kwenye chawl ya Mumbai, yale majengo ya kupanga ambayo kila familia ina chumba chake na korido ni ya wote. Dada mmoja jirani anahama ghafla, na wakubwa wanasema tu "amekula mavi ya ng'ombe", yani kwa Kimarathi kafanya la aibu. Watoto wanne hawaelewi, mavi kayala vipi? Basi wanaishia kwa Vishu, kijana anayejifanya anajua kila kitu, anawapa vitabu vichafu mpaka wanafikia kukodi deki waangalie video za ngono.

Na sisi si tuna "tabia mbaya" yetu? Nimekua nasikia fulani kafanya tabia mbaya na hamna aliyeniambia ni tabia gani.

Mwaka jana mwanangu, miaka 12, alinikuta nakaanga vitumbua akaniuliza mama, kubalehe ni nini? Nikamwambia kamalize homuweki, nikageuza kitumbua kama sijasikia. Wiki mbili baadaye nashika simu yangu naona alichokuwa anatafuta, mikono ilitetemeka, na hasira yote ilikuwa kwangu mwenyewe sababu alianza kwangu. Vishu wa leo ni simu, na bando naweka mimi.

Mzazi mwenzangu, jibu hapohapo hata kwa sentensi mbili, jibu alichouliza tu usimshushie hotuba ya ukimwi. Taja uke, uume, hedhi kama unavyotaja goti, maana mtoto asiye na majina hayo akiguswa vibaya atakuelezaje? Ukikwama mwambie nipe mpaka jioni, na jioni urudi kweli. Shule usiitegemee, Maharashtra kwenyewe, jimbo lenye hiyo Mumbai, 2007 serikali ilikataa somo la elimu ya jinsia mashuleni. Bibi zetu walikuwa na somo na kungwi, wale wanawake wa kumfunda mwali, sisi tumewaacha na hatujaweka mtu.

Usiku ule nilikaa kitandani kwake, taa nimezima ili asinionee aibu, nikamweleza nywele, jasho, sauti kukwaruza. Akanyamaza weee, kisha akasema, kwa hiyo mama mimi siumwi koo? Kumbe ndo maana aliacha kuimba kaswida madrasa.