Springi ya Bunduki ya Upepo Haipumziki: Kwa Fundi Anayeanza

Kijana anayeingia karakana huogopa bunduki ikiwa imekokiwa. Ikishafyatuliwa, anaiona kama kipande cha chuma tu. Kwa bunduki ya upepo ya kukunja mtutu, hiyo ni nusu ya hofu inayotakiwa. Ndani ya silinda mna springi ndefu kuliko nafasi iliyopewa, na tangu kiwandani iliingizwa kwa kubanwa. Hata bunduki ikiwa haina kitu, haijakokiwa, imetundikwa ukutani mwaka mzima, springi ile bado inasukuma. Kinachoizuia ni pini moja au mbili zinazopita kwenye bloku ya kifyatulio, au kizibo cha nyuzi, kinachofungwa kwa kuzungushwa kama skrubu, kule nyuma. Ukigonga pini bila kuishika springi kwanza, bloku na springi vinatoka kwa mpigo mmoja, na vinatokea upande ule ambao fundi huwa ameinamia.

Kwa hiyo mdogo wangu, kabla hujashika bisibisi, tengeneza kibanio. Ni kazi ndogo: ubao mnene wa mninga unaozidi urefu wa bunduki ikiwa imevuliwa kitako, kizuio imara upande mmoja cha kupokea mdomo wa mtutu, na upande wa pili kipande cha chuma chenye nati, inayopitisha bolti ndefu ya nyuzi. Mchomeleaji yeyote wa mageti hapa Mwanza atakuchomelea huku unasubiri. Mwambie nyuzi ziwe ndefu. Kuna springi zinazojikunjua sentimita chache tu zikaisha nguvu, na kuna nyingine zinakaribia 10. Bolti ikiisha kabla ya springi, umebaki umeishikilia kwa mikono. Weka pia vishikio viwili vya kuzuia silinda isichomoke pembeni, na kichwa cha bolti kivalishe kipande cha mbao ngumu kisichubue chuma. Wapo mafundi wanaoegemeza mtutu sakafuni na kusukuma kwa kifua. Kwa springi iliyochoka wanafanikiwa, ndiyo maana hawaachi. Usiwaige.

Miwani ya kazi vaa muda wote. Na asikae mtu kwenye mstari wa silinda, mbele wala nyuma, hata yule mteja anayetaka kuona kila kitu.

Nikimtaja mteja: muombe karatasi za umiliki kabla hujapokea kitu mkononi, na wewe mwenyewe uwe na ruhusa ya kufanya kazi hiyo. Bunduki ya upepo ni silaha, isikudanganye kwa sababu haitumii baruti. Halafu usikubali kuharakishwa. Zamani mtu wa Sengerema alikuwa akihesabu foleni ya kivuko, anakuachia mzigo anarudi siku nyingine. Tangu daraja la Kigongo–Busisi lifunguliwe mwaka 2025, anafika asubuhi na anataka kugeuza kabla ya mchana. Mwambie arudi kesho. Kazi ya springi haifanywi mtu akiwa amesimama mlangoni anatazama saa.

Kuhakikisha haina risasi: elekeza mdomo mahali salama, kunja mtutu kidogo tu bila kufika mahali pa kukoki, chungulia tundu la nyuma uone mwanga unapita. Ukiipokea ikiwa tayari imekokiwa, usiifungue hivyo. Shika mtutu kwa nguvu, ukunje, weka peleti, yaani risasi yake ndogo, ufunge, kisha fyatua kwenye ndoo ya mchanga. Kufyatua bila peleti kunaipigiza pistoni, kile kipande kinachosukumwa na springi ili kubana hewa, kwenye ukuta wa mbele wa silinda, kwa kuwa hakuna kitu cha kuzuia hewa ikawa mto wake. Kufyatua mtutu ukiwa umekunjwa ni kubaya zaidi: mtutu unarudi kwa kasi ya kuweza kukata kidole, na mara nyingi wenyewe unapinda. Nyingi za zamani hazina kinga yoyote dhidi ya hilo, kwa hiyo ikiwa imekokiwa, kidole kisiingie kwenye tundu la mtutu wala kwenye mfereji wa mkono wa kukokia.

Kitako kinatoka kirahisi: skrubu za pembeni upande wa mbele, na moja au mbili kwenye kinga ya kifyatulio. Piga picha kwa simu kila hatua, hasa mpangilio wa washa kwenye bolti ya kiungo cha mtutu. Zile washa nyembamba zinafanana sana zikishakuwa mezani.

Sasa weka silinda kwenye kibanio na ukaze bolti hadi bloku iingie kidogo. Hapa ndipo pa kutulia. Pini iliyoondolewa mzigo inasukumika kwa punchi nyembamba, bila nyundo. Ikigoma, bado imebeba springi. Ongeza robo mzunguko, jaribu tena. Ikigoma bado, huenda umepitiliza, punguza kidogo. Pini ikitoka, anza kulegeza bolti polepole huku ukitazama bloku. Inatakiwa irudi pamoja na bolti, mguso usipotee hata kidogo. Ukiona bolti inarudi na bloku haifuati, simama. Imekwama, na itaachia wakati wake yenyewe inapotaka. Kwetu hili si la nadra, kwa sababu watu wa ufukweni na visiwani hufunga bunduki kwenye blanketi na kuisukumia uvunguni. Blanketi linakunywa unyevu wa ziwa masika nzima na kutu inaota ndani ya silinda. Rudisha bolti iguse bloku, gonga ubavu wa silinda kwa nyundo ya plastiki, iachie ikiwa imeshikwa.

Ikiwa ni ya kizibo cha nyuzi, kanuni ni hiyohiyo: springi inasukuma mpaka uzi wa mwisho, kwa hiyo usifungue kwa mkono mtupu.

Zipo za kisasa zenye silinda ya gesi badala ya springi ya waya. Hiyo haifunguliwi. Haitobolewi, haipashwi moto. Ikichoka inabadilishwa nzima.

Springi ikishatoka, igaragaze juu ya kioo: iliyopinda itaonekana ikiyumba. Mteja akikwambia bunduki inakwaruza ikikokiwa, au inalia ‘twaa’ ikifyatuliwa, mara nyingi ni springi iliyopinda au kuvunjika. Weka ya kipimo chake. Kuweka kali zaidi kunaongeza mtikisiko na kula sili, ile ya kichwani mwa pistoni inayozuia hewa isivuje, shabaha haiongezeki.

Lakini ugonjwa mkubwa ninaoukuta si springi, ni oili. Watu wanamimina oili ya cherehani kwenye tundu la hewa, pale hewa inapotoka kwenye silinda kwenda kwenye mtutu, wengine mafuta ya kupikia, kisha wanafurahi bunduki ikipiga mlio mkubwa na kutoa moshi. Pistoni inabana hewa ghafla, hewa inapata joto kali, oili inawaka. Huo mlio ni sili inaungua na springi inapigwa kinyumenyume. Ukifungua, pangusa silinda kwa kitambaa mpaka kitambaa kitoke kikavu na cheupe. Grisi ya molibdeni paka nyembamba kwenye springi na ubavu wa pistoni, nyuma ya sili, kamwe si mbele yake. Bunduki za zamani za chapa ya Diana na Slavia zenye sili ya ngozi zinahitaji tone la mafuta ya silikoni ngozi isikauke. Tone, si kijiko.

Kifyatulio kizito kiache kama kilivyo. Ukisugua kwa tupa sehemu zinazoshikana, siku moja bunduki itafyatuka ikiwekwa chini tu.

Kurudisha ni njia ileile kinyume, na pini lazima ipite upande wa pili kabisa kabla hujalegeza kibanio. Jaribu nje, kwenye ndoo ya mchanga, usilenge mawe. Tumezungukwa na mawe Mwanza hii, na peleti ikigonga jiwe inarudi. Moshi kidogo kwenye risasi za mwanzo ni mabaki ya grisi. Ukiendelea, kuna grisi mbele ya pistoni: rudisha kwenye kibanio, fungua upya, pangusa.