Kaburi la KV5: vyumba vichache au zaidi ya 100?

Habari Mwalimu. Nimeona umekwama: kitabu kimoja kinasema kaburi la KV5, kule Bonde la Wafalme nchini Misri, lina vyumba vichache tu, kingine kinasema zaidi ya 100, na wanafunzi wanataka jibu moja.

Kwanza angalia mwaka wa kuchapishwa. Mimi nilihangaika na jambo hilihili darasani hadi nilipogundua kwamba kitabu changu kilitoka kabla ya 1995. Mtafiti Mwingereza James Burton aliingia humo mwaka 1825 kwa kutambaa, maana mafuriko yalikuwa yamejaza kifusi karibu kufika darini. Mwanaakiolojia Howard Carter naye alichimba kidogo mlangoni mwaka 1902, kisha mlango ukafukiwa na kifusi cha kazi zake. Basi, likasahaulika.

Aliyelirudia ni mwanaakiolojia Kent Weeks, mwanzilishi wa mradi wa kuchora ramani za makaburi ya Thebes, mji wa kale lilipo bonde hilo, ulioanza 1978. Februari 1995 timu yake ilipenya mlango ulio nyuma ya ukumbi wa nguzo 16, ikakuta ujia mrefu wenye milango huku na huku, na mwishoni sanamu ya Osiris, mungu wa wafu wa Wamisri wa kale. Baadaye hesabu ikapita vyumba 120. Humo walizikwa wana wa farao Ramesses wa Pili.

Ninachompendea Weeks ni kwamba ramani hakuzifungia kabatini. Mradi uliziweka kwenye intaneti, kila mtu azione. Chapisha ile ya KV5, ibandike ubaoni, wanafunzi wahesabu milango wenyewe.