Jibu: Kwa nini simu ilionyesha 82 na dau likaamuliwa kwa 83

Ndugu, umeuliza kwa nini simu yako ilionyesha joto la Farenhaiti 82, lakini dau lako la kubashiri joto la juu la siku New York likaamuliwa kwa 83. Programu ya simu hukadiria eneo zima, ila dau la New York mara nyingi huamuliwa na kituo kimoja cha kupimia, cha Central Park, bustani kubwa ya jiji hilo. Soma kanuni za dau ujue kituo, kisha linganisha modeli kadhaa za utabiri (hesabu za kompyuta za hali ya hewa) kwa kituo hichohicho. Zikipishana digrii nne, punguza dau.

Kilichokuuma wewe ni namba kuviringishwa. Vipimo vya kituo vya kila dakika tano, vinavyoonekana mtandaoni, hugeuzwa kuwa Selsiasi nzima, halafu vinarudishwa Farenhaiti: Selsiasi 28 husomeka Farenhaiti 82, kumbe halisi yaweza kuwa 83. Ripoti ya siku ya idara ya hali ya hewa ya Marekani ndiyo kwa kawaida inayoamua nani alipwe. Halafu, saa za Marekani zikisogezwa mbele kwa saa moja kwa majira ya joto, siku ya kipimo huanza saa saba usiku, si saa sita.