Maswali na majibu: Audra McDonald na kazi ya kuigiza kwa kuimba

Mwezi uliopita, nilipoeleza namna nyimbo zinavyobeba kisa katika tamthilia ya muziki, nilimtaja kwa sentensi moja mwigizaji wa Marekani, Audra McDonald, nikasema kwamba kila anayesomea sanaa hapa Bagamoyo angenufaika kwa kuufuatilia mwenendo wa kazi yake. Barua zilizoletwa baada ya hapo zimenifurahisha sana, kwa sababu wengi wenu hamkuuliza habari za umaarufu bali za kazi yenyewe.

Shikamoo mwalimu. Huyo Audra McDonald ni nani hasa, na amefanya nini hata umsifu kiasi hicho? (Msomaji wa Dunda, Bagamoyo)

Marahaba, mwanangu. Alizaliwa mwaka 1970 Berlin Magharibi, ambako baba yake alikuwa akitumikia jeshi la Marekani, akakulia Fresno, California. Alisomea uimbaji wa opera katika chuo cha Juilliard, New York, akahitimu mwaka 1993. Mwaka uliofuata alipata Tuzo ya Tony, ambayo ndiyo tuzo kuu ya Broadway, yaani kumbi kubwa za maigizo za New York, kwa kumwigiza Carrie katika Carousel, onyesho ambalo kwenye usaili wake alizirai na bado akapewa nafasi. Kabla ya kutimiza miaka 28 alikwishapata tuzo tatu za aina hiyo. Leo anazo sita, na ndiye mwigizaji pekee aliyeshinda katika makundi yote manne ya uigizaji, yaani mhusika mkuu na mhusika msaidizi, katika maonyesho ya muziki na katika michezo isiyo ya muziki.

Lakini si hesabu ya tuzo iliyonifanya nimtaje. Mwaka 2014 alimwigiza Billie Holiday, mwimbaji wa jazi wa Marekani, katika mchezo uitwao Lady Day at Emerson's Bar & Grill, ambao kisa chake kinatokea katika klabu ndogo ya Philadelphia mwaka 1959, miezi michache tu kabla ya mwimbaji huyo kufariki. Sauti ya Audra mwenyewe ni soprano, yaani sauti ya juu ya kike, pana na iliyonolewa kwa opera, ilhali sauti ya Billie Holiday wakati ule ilikuwa nyembamba, imechakaa kwa pombe na dawa za kulevya, na maneno yake yalichelewa kidogo nyuma ya mdundo. Ilimbidi Audra auweke kando uzuri wa sauti aliyoitafuta kwa miaka mingi, akaimba kwa koo la mwanamke aliyechoka. Mwimbaji anayetafuta kusifiwa sauti hawezi kufanya hivyo. Tuzo aliyopewa kwa kazi hiyo ilikuwa ya mwigizaji mkuu wa kike katika mchezo usio wa muziki, ingawa alikuwa ameimba karibu usiku mzima.

Binti yangu ana miaka kumi na hatulii. Darasani anaimba, nyumbani anaigiza majirani. Walimu wananilalamikia. Je, nimkataze? (Mzazi wa Magomeni, Bagamoyo)

Usimkataze, dada yangu, ila mpe mahali pa kuyafanyia hayo. Audra naye alikuwa mtoto wa kutotulia kupita kiasi, hata ikaonekana ni tatizo la kitabibu, na wazazi wake, ambao wote wawili walifanya kazi katika elimu, wakaona ni afadhali kumpeleka katika kikundi cha vijana cha maigizo mjini Fresno. Alianza huko akiwa na umri wa miaka tisa, akiimba mbele ya watu waliokuja kula chakula cha jioni. Hapo alijifunza kungoja zamu yake, kukariri, kuwahi mazoezi na kumsikiliza mwongozaji, mambo ambayo mtoto wa namna hiyo huyakubali kwa urahisi zaidi jukwaani kuliko darasani.

Sisi wa Bagamoyo tuna bahati ambayo miji mingi haina. Taasisi ya Sanaa na Utamaduni, iliyoanzishwa mwaka 1981 kama Chuo cha Sanaa, hufundisha ngoma, muziki na maigizo chini ya paa moja, na akimaliza sekondari binti yako anaweza kuomba nafasi. Kwa sasa mwandikishe katika kwaya au kikundi cha ngoma cha shule.

Nikiimba siku tatu mfululizo sauti inakauka. Hao wa Broadway wanawezaje? (Mwanafunzi wa sanaa, Bagamoyo)

Swali lako ndilo zito kuliko yote. Utaratibu wa kawaida wa Broadway ni maonyesho nane kwa wiki, na katika baadhi ya siku huwa mawili, la mchana na la usiku. Wanaoweza hali hiyo hawana makoo ya chuma. Wanajua tu nini kinatokea ndani ya koromeo. Mwanamke anapozungumza kawaida, nyuzi zake za sauti hugongana takribani mara 200 kwa sekunde, na akipanda noti za juu za soprano hupita mara 800. Sasa fikiria wewe unayeimba uwanjani juu ya ngoma na marimba, bila kipaza sauti, upepo wa bahari ukikupiga usoni, kisha unatoka hapo kwenda kupiga soga kwa kelele.

Kabla ya kuimba, chukua glasi ya maji na mrija wa soda, uzamishe ncha ya mrija kwa kina cha kidole kimoja au viwili, kisha toa sauti kupitia mrija huo, ukipanda na kushuka taratibu huku maji yakitoa mapovu. Zoezi hili huziamsha nyuzi za sauti bila kuzigonganisha kwa nguvu. Kunywa maji siku nzima, si dakika moja kabla ya kupanda jukwaani. Tangawizi na asali hutuliza koo, lakini unachomeza hakipiti kwenye nyuzi za sauti; kinachozifikia moja kwa moja ni mvuke. Sauti ikikauka, nyamaza kabisa wala usinong'one kwa nguvu, maana huko nako ni kuichosha. Ukwaruzo ukizidi wiki tatu, nenda kwa daktari wa masikio, pua na koo.

Nasisitiza hili kwa sababu hasara yake haina fidia. Julie Andrews, mwimbaji na mwigizaji wa Uingereza aliyemwigiza Eliza katika My Fair Lady mwaka 1956, alifanyiwa upasuaji wa koo mwaka 1997, na sauti yake ya uimbaji haikurudi tena kama ilivyokuwa.

Je, mwigizaji akipata ujauzito ndiyo mwisho wa kazi? (Msomaji wa kike, Chumbageni, Tanga)

Hapana. Audra alipata ujauzito mwaka 2016 akiwa katika onyesho la muziki la Shuffle Along, na wenye onyesho waliamua kulifunga mwezi Julai kuliko kuendelea bila yeye. Uamuzi huo uliwaondoa kazini watu wengi, na hilo ni la kusikitisha. Alijifungua mwezi Oktoba, akiwa na umri wa miaka 46, na mwaka uliofuata alikuwa London akiigiza. Mwishoni mwa mwaka 2024 alirudi Broadway kama Rose katika Gypsy, mwanamke mweusi wa kwanza kuishika nafasi hiyo huko.

Mimi ni mwimbaji wa taarabu. Je, naweza kuingia katika tamthilia ya muziki, au ni lazima nianze upya? (Msomaji wa Ngamiani, Tanga)

Hutaanza upya, mdogo wangu, kwa kuwa umekwisha kujua jambo ambalo wengi huchelewa kulijua, nalo ni kulitamka neno likafika hadi safu ya mwisho. Kuna kitu kimoja tu cha kubadilisha. Katika taarabu, maneno ukishayatoa huwa ya msikilizaji. Mama anainuka na noti yake ya pesa mkononi, anakuja kutuza, na kila aliyemo ukumbini anaelewa kwamba ubeti ule ameuelekeza kwa fulani. Wewe mwimbaji unabaki mtulivu, hata uso wako hausemi uko upande gani. Katika tamthilia ya muziki maneno ni ya mhusika, naye anaimba kwa sababu anataka kitu kutoka kwa mtu aliyesimama mbele yake, saa hiyo hiyo.

Fanya zoezi hili pamoja na mwenzako. Chagua ubeti mmoja unaoujua vizuri, uondoe sauti ya muziki, umwambie maneno yale kama unamdai deni, akujibu kwa maneno yake mwenyewe, nawe urudie mpaka akubali au aondoke. Kisha imba ubeti ule ule bila kuyaondoa macho yako usoni pake. Mkimaliza, mpishane, wewe uwe wa kudaiwa.