Kabla hujailaumu friji ya jirani

Nyumba tunayopanga hapa Arusha ina familia tatu na mita moja ya LUKU, yaani umeme wa kulipia kabla, na tulikuwa tukichanga sawasawa. Julai baridi ilipokaza, uniti zikaanza kuisha haraka, na lawama zote zikamwendea mama tunayeishi naye uani. Anauza maziwa, kwa hiyo friji yake haizimwi usiku wala mchana. Mimi ndiye niliyetangulia kusema aongeze mchango. Hakubisha. Alinyamaza, akaongeza.

Ule ukimya wake haukunitoka moyoni, nikaamua kupiga hesabu.

Anza na bei ya uniti moja. Chukua ujumbe wa LUKU, gawa fedha uliyolipa kwa uniti ulizopata. Usitumie manunuzi ya kwanza ya mwezi, maana humo hukatwa kodi ya jengo. Sisi shilingi 10,000 hutupa uniti 28.1, yaani kama shilingi 356 kwa uniti: 292 ni umeme wenyewe, zinazobaki ni VAT 18%, tozo ya REA (umeme vijijini) 3% na ya EWURA (mdhibiti wa nishati) 1%. Aliye kwenye kundi la matumizi madogo hulipa shilingi 100 kwa uniti kabla ya makato hayo, mradi asivuke uniti 75 kwa mwezi. Akivuka, kila uniti ya ziada ni 350.

Kisha geuza kifaa utafute kibandiko chenye wati. Zidisha wati kwa saa unazokitumia, gawa kwa 1,000, umepata uniti. Pasi ya wati 1,000 kwa nusu saa imekula nusu uniti, shilingi 178. Birika la wati 2,000 linatisha, lakini likichemsha kwa dakika tano ni kama shilingi 60 tu. Kibandiko kikiwa kimefutika, tazama mita. Kama imeandikwa 1000 imp/kWh, yaani kitaa chake humweka mara 1,000 kwa kila uniti, zima vingine vyote, hesabu kitaa hicho kimemweka mara ngapi kwa dakika moja, zidisha kwa 60. Hizo ndizo wati.

Friji ndiyo inayopoteza wengi. Ya jirani imeandikwa wati 150, na ukizidisha kwa saa 24 unapata uniti 3.6 kwa siku. Hiyo ndiyo hesabu niliyomhukumia. Kumbe friji haivuti umeme muda wote: ikishapoa mota hujizima, joto likipanda huwaka tena. Friji usiikadirie kwa kibandiko, ipime.

Tulikubaliana Jumamosi moja kila mtu azime vyake, hata taa ya nje, ibaki friji ya mama peke yake. Saa nne usiku mita ilionyesha zimebaki uniti 43.72. Saa kumi na mbili asubuhi tulisimama wote mbele yake tumejitanda mashuka: 43.40. Saa nane zimekula uniti 0.32, kwa siku nzima karibu uniti moja. Mchana mlango hufunguliwa kila mteja anapokuja, kwa hiyo nikaweka moja na nusu. Shilingi 534 kwa siku, kama 16,000 kwa mwezi.

Ndipo nikasoma hita ya bafuni kwetu: wati 5,000. Tuko wanne, kila mmoja dakika kumi. Dakika 40 hizo ni uniti 3.3, karibu shilingi 1,190 kila siku, zaidi ya 35,000 kwa mwezi. Bafu hilo ni letu peke yetu.

Siku hiyohiyo nilikwenda kumwomba radhi yule mama, nikamrudishia alichozidisha. Sasa hita tunailipia sisi, friji anailipia yeye, kinachobaki tunagawana kwa tatu. Watoto wetu wanaoga kwa ndoo. Kupasha lita kumi mpaka ziwe za kuogea hula kama robo uniti, shilingi 90 hivi, wakati dakika kumi chini ya hita ni karibu shilingi 300.