Klachi Inayoteleza Mlimani

Swali: Ndugu Mhariri, pikapu yangu ikipanda kuelekea Newala na magunia ya korosho, injini hunguruma lakini mwendo hauongezeki, na harufu ya kuungua hujaa ndani. Fundi anataka kubadilisha pleti ya klachi peke yake. Nikubali? (Msomaji, Mtwara)

Jibu: Usikubali. Kwa kuwa giaboksi lazima ishushwe, na hiyo ndiyo kazi yenyewe, badilisha pleti, kava lake linaloibana na beringi ya klachi kwa pamoja. Kabla hajafunga, akuoneshe flaiwili, yaani gurudumu zito la injini ambalo pleti hubanwa juu yake: ikiwa na madoa ya bluu au nyufa kama za tope lililokauka, ichongwe au ibadilishwe, na oili ikivuja kwenye sili ya nyuma ya injini, hata pleti mpya itateleza. Nawe, uniwie radhi, uache kupumzisha mguu kwenye pedeli ya klachi.